Kompyuta Mpya Imekataa Kufungua Ngazi Yangu

Meza ya Dirishani,
Chumba cha Wachora Ramani,
Ghorofa ya Pili.
Alhamisi.

Kwa Mkuu wa Kitengo cha Kompyuta,
Chumba cha Chini, Karibu na Jenereta.

Ndugu Mkuu,

YAH: KOMPYUTA MPYA KUKATAA PROGRAMU YANGU YA KUCHOREA, NA MADHARA YAKE KWA UKWE

Natumaini barua hii itakukuta ukiwa mzima na umeketi, maana ni ndefu. Huku juu hatujambo, isipokuwa mimi.

Najua utashangaa kupokea barua ya karatasi wakati kitengo chako kimeagiza malalamiko yote yapelekwe kwa njia ya kompyuta. Nilijaribu. Fomu yenu iliniuliza tatizo langu ni la aina gani, ikanipa majibu matatu ya kuchagua, na shemeji hakuwemo.

Mimi ni yule mchora ramani ambaye vijana wa ofisi humwita Mzee Rula wakidhani hasikii. Nina miaka ishirini na sita hapa. Nimechora madarasa, zahanati, masoko, vyoo vya stendi, na ngazi ambazo sasa nimeacha kuzihesabu. Kazi yote hiyo nimeifanya kwa programu moja tu. Ilikuja kwenye diski saba, ya tano ikiwa na ufa, na nikaipenda hivyo hivyo. Haina mapambo. Skrini yake ni nyeusi, mistari yake ni myeupe, na chini kuna kijistari kinachopepesa kikisubiri useme unataka nini. Haikuulizi habari za nyumbani wala haikupi ushauri ambao hukuuomba.

Wiki iliyopita mlitubadilishia kompyuta zote, pamoja na mfumo unaoziendesha. Sikatai, ni nzuri kwa macho. Ni nyembamba, na hazina hata ile kelele ya kuonyesha kwamba zinafikiri. Wahenga walisema kipya kinyemi ingawa kidonda. Wenzangu wamechukua kinyemi, mimi nimebakiwa na kidonda.

Ingekuwa shida ya kawaida ningevumilia, maana kuvumilia ndiyo kazi ninayoifanya vizuri zaidi baada ya kuchora. Lakini ndani ya programu hiyo kuna ramani ya nyumba yangu, ndani ya ramani kuna ngazi, na kwa sababu ya ngazi hiyo kikao cha familia kitakaa sebuleni kwangu Jumapili hii, saa nne asubuhi. Naomba nikueleze, ili usije ukasema hukuambiwa.

Nyumba yangu ya ghorofa moja ilijengwa miaka kumi na tisa iliyopita na kaka wa mke wangu, ambaye ni fundi mwashi. Ramani nilichora mimi, hapa hapa ofisini, baada ya saa za kazi (karibu zote). Ngazi ya kwenda juu ina vipandio kumi na sita vilivyolingana kama meno ya chanuo, kila kimoja sentimita kumi na nane. Kisha pale juu kabisa, mtu akishaamini kwamba amefika, kuna kingine kidogo cha kumi na saba, sentimita tisa tu, ambacho hakuna anayekijua mpaka kimjue yeye. Kimemwangusha mbeba friji pamoja na friji. Kimemwangusha mchumba wa binti yangu siku ya kujitambulisha. Mimi mwenyewe, mwenye nyumba, kimenimwagisha chai mara ambazo sizitaji kwa heshima ya chai.

Siku ya sherehe ya kuhamia, mbele ya wageni wote, nilimbatiza shemeji jina la Fundi Tuta. Ulikuwa utani tu. Lakini utani ukishatoka mlangoni haurudi kuuliza njia. Wakwe walilichukua, majirani wakalichukua, na mwishowe wateja wake. Hata dada yake mdogo alipojenga alimwita fundi mwingine, tena wa mbali. Shemeji hajawahi kujitetea kwa maneno zaidi ya mawili. Ukimuuliza anasema, "Nilifuata karatasi." Nami siku zote nimejibu kwamba angeifuata karatasi tusingekuwa tunaanguka. Karatasi zenyewe hazipo tena. Ya kwake iliishia kwenye zege, na ya kwangu ililiwa na mchwa, wakaacha pembe moja yenye saini yangu.

Mapema mwezi huu mama mkwe alikuja kukaa nasi. Siku ya tatu alikutana na kile kipandio. Ashukuriwe Mungu ulikuwa mkono tu, na umefungwa bandeji. Alipotoka hospitali aliketi kwenye kochi langu, akatuita wote, akasema, "Nimechoka na mzaha wenu. Jumapili ya mwisho wa mwezi mtakaa hapa mbele yangu. Aliyekosea atasema kwa kinywa chake, na atavunja na kujenga upya kwa mkono wake. Na hilo jina likome, au limpate mwenyewe." Mimi, Ndugu Mkuu, nilisimama nikajipiga kifua. Nikasema nitaleta ramani yenyewe, ile ya ndani ya kompyuta, isiyoliwa na mchwa. Shemeji alitazama kandambili zake. Kwa upande wa mke wangu, tangu siku hiyo sukari inaikwepa chai yangu. Simlaumu. Mwamba ngoma huvutia kwake, na yule ni kaka yake.

Sasa ndiyo wiki hiyo, na kompyuta haifungui. Malalamiko yangu ni haya:

1. Kukataliwa mlangoni. Nilipobonyeza programu yangu siku ya kwanza, kompyuta ilinijibu: "Programu hii haiwezi kuendeshwa kwenye kompyuta yako. Wasiliana na mtengenezaji." Nikawasiliana naye. Namba iliyo kwenye boksi la diski ilipokelewa na duka la magodoro. Muuzaji alikuwa mstaarabu sana. Alinisikiliza mpaka mwisho, kuanzia diski hadi bandeji, kisha akaniuliza kitanda changu ni cha futi ngapi. Nimeagiza godoro moja. Programu bado.

2. Ufunguo. Programu yangu haifunguki bila kidude chake, cha ukubwa wa kiberiti, kinachochomekwa nyuma ya kompyuta kwenye tundu lenye matobo ishirini na tano. Bila kidude hicho inakuona mwizi. Kompyuta yenu mpya nimeizungusha mara tatu, nikaichungulia na kwa tochi, na tundu hilo haina. Ina vitundu vyembamba vya watu wembamba. Yule binti mtaalamu wa kitengo chako, ambaye hapa juu tunamwita Mtaalamu kwa sababu anastahili, aliniletea waya wenye mdomo wa zamani upande mmoja na mdomo wa kisasa upande wa pili. Tukachomeka. Kompyuta ikauona ufunguo wangu, ikafurahi, ikatangaza: "Printa mpya imepatikana." Tangu siku hiyo kila nikitaka kuchapisha barua inaniuliza kama niichapishe kwenye ufunguo.

3. Kujifanya. Mtaalamu akanionyesha mahali pa kubonyeza ili kompyuta mpya ijifanye ya zamani. Nililelewa kwa adabu, na kumwambia mtu ajifanye asichokuwa ni jambo zito kwangu, lakini shida haina haya. Nikaiambia ijifanye ya miaka kumi iliyopita, ikakataa kufungua. Nikaiambia ijifanye ya miaka ishirini, na hapo, Ndugu Mkuu, skrini ikawa nyeusi na moyo wangu ukawa mweupe. Programu yangu ilikuwa imerudi! Herufi zilikuwa ndogo hata ikabidi niazime ile lenzi ya kusomea ramani za viwanja. Nikakiona kijistari kinapepesa. Nikachora mstari mmoja tu, umenyooka, wa kupendeza. Kisha kila kitu kikaganda na ujumbe ukaja: "Programu imeacha kufanya kazi." Mimi pia niliacha kufanya kazi kwa muda wa robo saa.

4. Kusasishwa bila barua. Jumanne Mtaalamu alirekebisha tena, akaniambia nisiguse kitu mpaka arudi. Sikugusa. Nilikwenda kula. Niliporudi nikakuta maandishi: "Inasasisha, asilimia thelathini na moja. Usizime kompyuta yako." Nilisimama mbele yake na soda mkononi mpaka asilimia mia, na ilipowaka tena ilikuwa imesahau kila tulichoifundisha. Katika ofisi hii kiti hakihamishwi chumba bila fomu yenye sahihi tatu. Naomba nijue nani alisaini hiyo.

5. Uchongezi. Hili ndilo zito, na naomba usilisome ukiwa umesimama. Mtaalamu, kwa wema wake, aliichukua ramani yangu akaifungulia ndani ya ile programu mpya mliyotununulia. Ikafunguka. Kuta zipo, madirisha yapo, vipandio kumi na sita vipo, kila kimoja sentimita kumi na nane. Lakini kimo cha kutoka sakafu ya chini hadi sakafu ya juu, ambacho mimi niliandika kwa mkono wangu 297 na ninakikumbuka kama siku ya ndoa yangu, kinasomeka 288. Nikaifuta namba hiyo, nikaandika 297. Ikarudisha 288 na kialama chekundu pembeni. Tulibishana hivyo mara nne. Mtaalamu akanieleza kwamba programu mpya haijali kilichoandikwa, bali inakwenda kwenye mstari wenyewe inaupima. Ndugu Mkuu, tangu lini programu ikampima mwenye kuchora? Programu yangu ya zamani ilikuwa na adabu. Ukiandika 297 inaweka 297 na mambo yanaisha. Hii mpya inatoka, inazunguka, inapeleleza, kisha inakuumbua mbele za watu. Imeniibia sentimita tisa za nyumba yangu nikiwa nimekaa naitazama.

Jambo la kushangaza zaidi, kumi na sita mara kumi na nane nayo ni mia mbili themanini na nane. Nimemfafanulia Mtaalamu kwamba huo ni ushahidi kuwa programu mpya inatunga majibu yanayofanana ili isigundulike. Alinitazama, akanywa maji, akaniuliza, "Mzee, una uhakika?"

6. Swali hilo. Nalileta kama lalamiko la kujitegemea. Nina uhakika, na ninao ushahidi wa watu walio hai. Siku shemeji alipokuwa ameshamwaga zege la juu na anaanza ngazi, alikuja hapa ofisini, viatu vyake vimejaa saruji, akaitandaza ile karatasi juu ya meza yangu mbele ya wageni kutoka makao makuu. Akasema, "Shemeji, hizi namba hazipatani. Hii ya ngazi na hii ya ukuta." Nilimjibu kwa sauti ya kusikika hadi mapokezi: "Wewe fuata karatasi. Kompyuta haikosei hesabu." Wageni walicheka, na mmoja aliandika maneno hayo kwenye daftari lake. Shemeji akaikunja karatasi yake vizuri, akaondoka. Hivyo alielekezwa, tena bila kificho. Kama angefuata namba zangu zote mbili jinsi zilivyo, hizi sentimita tisa zingetoka wapi? Njia ya mwongo fupi, Ndugu Mkuu, na hii ilikomea kwenye kipandio cha kumi na saba.

7. Lalamiko la saba nimelisahau kwa hasira, lakini lipo.

Kwa hayo yote sina makubwa ninayoyaomba. Naomba tu kompyuta yangu irudishiwe mfumo wake wa zamani kabla ya Jumapili. Ikiwa haiwezekani kwa kompyuta moja peke yake, basi irudishwe ghorofa nzima ya pili, wenzangu watazoea. Na kwa kuwa nasikia kompyuta zote siku hizi zimeunganishwa, huenda ikabidi mji mzima urudi nyuma kidogo. Sina pupa. Mnaweza kuanza na mitaa ya karibu na ofisi.

Pamoja na hayo, napendekeza itungwe kanuni kwamba mfumo wowote mpya usiruhusiwe kuuzwa mpaka kila mchora ramani aliyeanza na ule wa zamani awe amestaafu, nyumba zake zimekwisha, na mashauri yake yote na wakwe yamefungwa. Kanuni hiyo iwahusu pia mafundi cherehani na mtu yeyote mwenye kifaa anachokipenda.

Na yote hayo yakishindikana kufikia Jumapili, naomba kitengo chako kitume ujumbe wa watu watatu na mhuri, waje wakae upande wangu wa kochi na kuthibitisha kwamba ramani ipo, ni sahihi, ila haionekani. Nisingeomba hivyo kama isingekuwa kawaida. Ofisi hii imewahi kutoa hati za vitu vingi visivyoonekana, ikiwemo lifti ya jengo hili.

Nikuambie jambo moja bila utani. Shemeji na mimi tulikuwa marafiki kabla hatujawa mashemeji. Yeye ndiye aliyenipeleka kwao mara ya kwanza, akaniazima na shati. Tulikuwa na benchi letu uwanjani kila Jumamosi, yeye akishangilia timu yake mbovu na mimi yangu. Sasa miaka kumi na tisa akija kwangu anaishia sebuleni. Hajawahi kupanda ngazi aliyoijenga mwenyewe. Anakunywa chai, anamsalimu dada yake, anaangalia saa, anaondoka. Ninamkosa, Ndugu Mkuu, na sijawahi kumwambia mtu hilo mpaka leo ninapoliandika kwa kitengo cha kompyuta. Ndiyo maana nataka Jumapili nishinde upesi, ili nipate kumsamehe mbele ya wote. Maneno ya kumsamehe nimeshayaandaa. Ni kurasa mbili.

Nisalimie wote wa chumba cha chini, na jenereta pia, maana nayo ni ya umri wangu na hakuna aliyethubutu kuisasisha. Nisalimie Mtaalamu, umwambie sikukasirika, ni sauti yangu tu. Msalimie katibu muhtasi na mguu wake. Wa huku juu wote wanakusalimu: mama wa mapokezi, mtunza mafaili, na mlinzi wa getini ambaye ameniomba nikukumbushe kuhusu redio yake.

Nawasilisha, nikiamini utalishughulikia kabla ya Jumapili saa nne.

Wako katika mistari iliyonyooka,

(Sahihi)
Mchora Ramani Mwandamizi

Nakala:
Mkurugenzi
Mke wangu
Mama Mkwe (kwa herufi kubwa, miwani yake inatengenezwa)
Duka la Magodoro (kwa taarifa)

NYONGEZA, Ijumaa, saa tisa alasiri.

Barua hii ilikuwa imeshatiwa gundi, nimelazimika kuifungua kwa mvuke wa birika.

Leo asubuhi Mtaalamu amekuja na suluhisho. Ametengeneza kompyuta ya zamani ndani ya hii mpya, kama mtu anavyojenga kibanda uani, na huko stoo amepata kipande chenye tundu la matobo ishirini na tano, akakipachika nyuma. Tumechomeka ufunguo. Haukuitwa printa. Programu yangu ikafunguka, haikuganda, herufi zake za kusomeka kwa macho matupu. Nikaita mashahidi: mama wa mapokezi, mtunza mafaili, na mlinzi ambaye hakupaswa kuacha geti. Nikafungua ramani mbele yao. Sakafu hadi sakafu: 297. Nikageuka kumwambia Mtaalamu, "Umeona?" Nilimwambia kwa furaha kubwa, sikufichi.

Mtaalamu hakubishana. Aliomba tu ashike kipanya kwa muda. Akaibonyeza ile 297, na programu ikaonyesha kwamba haikuwa kipimo bali maandishi yaliyochapwa na mtu. Kisha akaiomba iupime mstari. Programu yangu mwenyewe, ile yenye adabu, ikajibu bila kusita: 288. Ilikuwa inajua muda wote. Ni mimi ambaye kwa miaka kumi na tisa sikuwahi kuiuliza.

Ndipo nikakumbuka. Ilikuwa Ijumaa, dakika kumi kabla ya kutoka. Mke wangu, tukiwa na ndoa ya miaka minne, alikuja ofisini na kikaratasi: kabati alilopewa na bibi yake halitasimama chini ya dari yetu, tuongeze sentimita tisa. Kuongeza kulimaanisha kuvifuta vipandio vyote kumi na sita na kuvigawa upya, na yeye alikuwa amesimama mlangoni amejipamba. Nikafuta 288, nikaandika 297, nikachapisha. Niliapa moyoni kwamba ngazi nitairekebisha kesho. Kesho yake ilikuwa Jumamosi, na Jumamosi tulikuwa uwanjani, mimi na shemeji.

Mashahidi walitawanyika wenyewe, kila mmoja akakumbuka ana kazi. Nikampigia shemeji. Alikuwa kwenye ujenzi, mashine ya zege inanguruma. Nikamwambia, "Shemeji, ulifuata karatasi." Akasema hasikii. Nikarudia. Akasema mtandao mbovu, nipaze sauti. Nikapaza hadi watu wa barabarani wakasimama chini ya dirisha langu. Hapo nikagundua mashine ilikuwa imezimwa kitambo, na mafundi wake wanacheka hawana mbavu, maana alikuwa ameniweka kwenye spika tangu mara ya kwanza. Kisha akaitoa spika. Akaniambia taratibu, "Nilijua siku ile ile, shemeji. Ningekubishia, lakini ulikuwa na wageni."

 Nimelia kidogo pale mezani, na Mtaalamu akajifanya anakagua waya.

Kwa hiyo, Ndugu Mkuu, malalamiko yangu, la kwanza hadi la sita, naomba yafutwe, na la saba liendelee kusahauliwa. Mfumo mpya ubaki kila mahali, mitaa ya karibu na ya mbali. Ile programu mpya naomba nifundishwe kuanzia wiki ijayo, na tabia yake ya kupima mistari bila kuombwa isirekebishwe kamwe. Nakala ya mke wangu na ya Mama Mkwe zisitumwe, nitawaambia mwenyewe Jumapili, nikiwa nimesimama, na zile kurasa mbili nimeziacha ofisini.

Mwisho kabisa, naomba ruhusa ya siku tano kuanzia Jumatatu. Najua si wewe unayetoa ruhusa, lakini nimeshazoea kukueleza. Ngazi inavunjwa, na kwa agizo la mama mkwe ni lazima ivunjwe na mkono wangu, ambao haujawahi kushika kitu kizito kuliko rula. Shemeji amejitolea kunisimamia. Nilimuuliza nimchoree ngazi mpya kwa programu ipi, ya zamani au mpya. Amesema ramani hana haja nayo, ana upungufu wa mbeba mchanga, na nifike saa moja kamili.